Isale Mbele ya Mashine

Mashine ya yule mzungu ilikuwa na miguu mitatu, na hilo peke yake lilitosha kututia wasiwasi. Sisi watu wa mlimani tulikuwa tunavijua vyombo vya miguu mitatu. Wenzetu wa upande mwingine wa Meru walianza kwa kuona hivyo hivyo: mzungu mpole, kofia pana, chombo kimesimamishwa njiani, jicho moja limefumbwa. Baadaye wakaambiwa ardhi si yao tena, wakatolewa na ng'ombe wao na vyungu vyao. Kwa hiyo huyu wa kwetu aliposhuka kwenye gari na kusimamisha chombo chake kando ya shamba la kahawa, wanaume waliokuwa wanapalilia waliweka majembe chini wakaja kusimama kimya, wakimwangalia. Hakuna aliyemsaidia kubeba kitu.

Akasema kwa Kiswahili cha pwani, kizuri kuliko chetu, kwamba hakuja kupima chochote. Alikuja kupiga picha za watu wakizungumza. Kule kwao, alisema, kuna sanduku lenye kioo linaloitwa televisheni. Watu hukaa nyumbani na kuwatazama wengine ndani yake. Yeye alikuwa anatengeneza kipindi cha kujaribu, cha namna ambayo hakuna aliyewahi kuifanya. Alitaka kuonyesha jinsi watu wanavyozungumza kila siku bila kuelewana, huyu anasema hivi, mwenzake anasikia vile. Alikuwa ameshapiga picha kwao, sasa alitaka kupiga kwetu, ili watu wake waone kwamba binadamu ni yule yule.

Mimi ni mtu wa kushuku. Nasema mapema ili msomaji ajue anazungumza na nani. Nikipewa chai huangalia kwanza kama aliyenipa anakunywa au hanywi. Mama yangu alikuwa hivyo hivyo, na alikufa mzee. Basi siku ile nilijiuliza: mtu atoke Ulaya, avuke bahari, apande mlima wetu wenye utelezi, aje kutazama watu wasioelewana? Kwao wameisha? Nikamwambia jirani yangu kwa Kimeru, "Huyu anapima. Anapima kwa njia nyingine tu."

Nilikuwa na sababu yangu ya kuogopa kupimwa. Wakati ule sisi wenyewe tulikuwa kwenye ugomvi wa mpaka, na aliyetuibia hakuwa mzungu. Alikuwa shemeji yangu, kaka mkubwa wa mume wangu.

Mume wangu ni mtoto wa mwisho, na kwetu mtoto wa mwisho ndiye hubaki kwenye kihamba, shamba la ukoo la baba yake, kwenye migomba ile ile na nyumba ile ile. Kaka yake alipewa sehemu ya juu. Katikati mzee alipanda masale, ule mmea wa majani marefu usiojali mvua wala kiangazi, ambao kwetu ndio mpaka. Huwezi kukuta masale yamejiotea ovyo. Ukiyaona yamesimama kwa mstari, jua kuna mtu alisema neno pale na wengine wakalikubali.

Mzee akafa. Mume wangu akateremka mjini kutafuta kazi ya uashi, kulikuwa na nyumba zinajengwa karibu na mto Themi, nami nikamfuata na watoto, tukapanga chumba Daraja Mbili. Tuliporudi, masika yakiwa yamepita, tukakuta masale yametembea. Kipande cha kando ya mfereji, chenye magimbi yangu na miche ya kahawa niliyoipanda kwa mikono yangu, kilikuwa upande wa shemeji. Nilichuchumaa nikatia mkono kwenye udongo. Pale yaliposimama masale palikuwa laini, na pale yaliposimama zamani palikuwa na mashimo yaliyojazwa majani makavu ya migomba. Shemeji akasema mzee mwenyewe ndiye aliyeyahamisha kabla ya kufa. Mzee yule miezi yake ya mwisho alikuwa hawezi kujigeuza kitandani.

Tangu siku hiyo mume wangu hakumwamkia kaka yake. Msomaji wa leo anaweza kuona ni jambo dogo. Kwetu, mdogo kumpita kaka yake mkubwa njiani bila shikamoo ni kama kumtemea mate. Mimi nilikuwa nateka maji kwa kuzunguka mpaka nyuma ya kanisa, wakati mfereji niliuona kutoka mlangoni kwangu. Kesi ilikuwa imeshafika kwa mshili, mkubwa wa eneo letu chini ya chifu wetu, Mangi, naye alisema ataisikiliza kahawa ikiisha kuchumwa. Hatukuwa na shahidi hata mmoja. Aliyejua mpaka ulikuwa wapi ni mzee, na mzee alikuwa chini ya migomba.

Sasa turudi kwa mzungu.

Alikuwa na utaratibu wake, na nilipouelewa nilizidi kumshuku. Hakuwa na maneno ya kuwakaririsha watu. Alimchukua mmoja nyuma ya nyumba akamwambia jambo, akamchukua mwingine mbele ya nyumba akamwambia jambo jingine kabisa, na akawakataza wasiambiane. Kisha akawakalisha pamoja mbele ya mashine wazungumze. Mtu anayepita akigawa siri kwenye ukoo, kila mmoja na yake, kwetu ana jina lake, na si jina la kutamka mbele ya watoto.

Alianza na mimi na mume wangu, kwa sababu nyumba yetu ilikuwa na uwanja mzuri wenye jua. Aliniambia nijifanye mume wangu ametoka mjini na amesahau nilichomwagiza. Kumbe yeye alikuwa ameambiwa kwamba ameniletea habari njema. Tukakaa kwenye vigoda. Mzungu alitaka tuzungumze Kiswahili ili naye afuate, nasi tukazungumza Kiswahili, mke na mume, kama watu waliokutana sokoni.

"Mama, nimerudi," akasema mume wangu.

"Nimekuona."

"Nina habari."

"Chumvi iko wapi?"

"Habari njema, mama."

"Nimeuliza chumvi."

"Ukiisikia utafurahi."

"Nitafurahi nikiwa na chumvi!"

Mzungu alicheka mpaka akashika mti. Akasema ni hivyo hivyo hasa alivyotaka, na kwamba mimi ni mwigizaji wa kuzaliwa. Sikumwambia kwamba wiki iliyopita mume wangu alikuwa kweli amesahau chumvi, na mimi nilikuwa bado nimeiweka moyoni.

Watu walipoona tumecheka, wakalegea kidogo. Ndipo mzungu akamgeukia mshili, aliyekuwa amekaa pembeni akimchunguza kama sisi wengine, akamwomba amtafutie wanaume wawili majirani, watu wanaoonana kila siku na kuzungumza mambo ya kawaida. Mshili alitafuna ubua wake wa muwa taratibu, akatema makapi, akanyoosha kidole kwa mume wangu. Kisha akanyoosha kwa shemeji, aliyekuwa amesimama mbali kwenye migomba yake.

"Hawa hapa," akasema. "Wanapakana."

Watu wakatazamana. Mzungu akafurahi, akashukuru. Mimi niliutazama uso wa mshili, sikuona kitu. Nilijiuliza kama ameshapelekewa kibuyu cha pombe na shemeji, au kama anataka kuwaona hawa wawili wakikaa pamoja kabla hajawahukumu, au kama ni utani wa mtu mzima aliyechoka. Mpaka leo sijui. Mume wangu alitaka kukataa, lakini mshili akishasema hukatai mbele ya mgeni. Akainuka kwa shingo upande.

Mzungu akampeleka nyuma ya nyumba. Aliporudi, akanipita karibu huku akijifanya anachukua kigoda, akaninong'oneza kwa Kimeru.

"Nimeambiwa jirani atakuja. Nimpokee kwa heshima, na chochote atakacholeta nikipokee. Basi."

"Chochote?"

"Ndivyo alivyosema."

Neno 'chochote' sijalipenda tangu utoto.

Kwa shemeji mzungu alienda mbali, mpaka kwenye masale yenyewe. Niliwaona wakizungumza. Mzungu alitumia mikono sana. Shemeji alikuwa ameinamisha kichwa, anasikiliza. Akauliza swali. Mzungu akainua mabega, kama mtu anayesema 'shauri yako', akarudi mbio kwenye mashine yake, akatupungia mkono tunyamaze.

Tukangoja. Mume wangu kwenye kigoda, mikono juu ya magoti. Mashine inalia kwa ndani, mlio mdogo wa kusaga. Shemeji hatokei. Mzungu akaanza kuhangaika, anachungulia juu ya mashine. Hatimaye migomba ikatikisika, shemeji akatoka, na mimi nikaona mkononi mwake kabla mume wangu hajaona.

Alikuwa ameshika jani la isale, moja la yale masale ya mpaka. Amelifunga fundo.

Nieleze, maana hata wajukuu zangu wa mjini huniuliza. Kwetu, mtu aliyekukosea kosa kubwa, la damu au la ardhi, akikuletea jani la isale lililofungwa fundo, amesema yote. Amesema nimekosa. Hana haja ya kuongeza maneno. Na wewe uliyeletewa huna ruhusa ya kulikataa. Ukilipokea, umesamehe, na mnakula pamoja. Ukilikataa, hilo ni balaa lako na watoto wako, na hakuna atakayekuonea huruma. Ndiyo maana mtu hachezi na isale. Watoto hawalichezei. Walevi hawalichezei. Na tulipokuja kuwa Wakristo, wachungaji wetu wenyewe hawakulikataza, kwa sababu walikuwa watoto wa hapa hapa.

Shemeji akasimama mbele ya kigoda.

"Hodi," akasema kwa Kiswahili.

"Karibu," akajibu mume wangu, kisha akakumbuka alivyoambiwa juu ya heshima. Akainuka. "Shikamoo, kaka."

Nilikuwa sijaisikia tangu tuliporudi kutoka mjini. Nyuma yangu mwanamke mmoja akavuta pumzi.

"Marahaba, mdogo wangu."

Shemeji akanyoosha jani kwa mikono miwili. Mume wangu akaliona. Mikono yake ikabaki pale pale ubavuni. Akamtazama kaka yake, akatazama jani, akageuka kumtazama mzungu. Na mzungu, nyuma ya mashine, akawa anamfanyia ishara kwa mkono: pokea, pokea! Mume wangu akapokea.

"Yesu wangu," akasema yule mwanamke nyuma yangu.

Mashine ikanyamaza. Nilitazamia mzungu acheke kama alivyocheka kwenye chumvi. Wapi! Alikuja amekunja uso. Akasema haikufaa hata kidogo. Walitakiwa wahangaike, mmoja asijue mwenziwe amekuja kufanya nini, maneno yapishane. Hawa hawakusema kitu na wameelewana mara moja. Akamwambia shemeji achukue jani lake, arudi kwenye migomba, aje tena, na safari hii azungumze zaidi.

"Bwana," akasema shemeji, "kitu hiki hakirudiwi."

"Ni jani tu, yako mengi pale."

"Hakirudiwi, bwana."

Akageuka akaenda zake kwenye masale, polepole, hakutazama nyuma. Mzungu akamuuliza dereva wake huyu mzee ana nini. Dereva, mtu wa mbali asiyejua mambo yetu, akajibu, "Amechoka, bwana." Mzungu akakubali, akaandika kitu, wakafunga vyombo vyao wakaondoka kabla mvua haijawakuta kwenye utelezi. Picha hiyo sijaiona mpaka leo. Televisheni zilipofika kwetu nilikuwa tayari bibi kizee, na nakiri niliitazama ya mjukuu wangu kwa muda mrefu nikiwatafuta watu wa uwanjani kwangu, ila ilikuwa mpira tu.

Nirudi kwenye uwanja wenyewe. Watu walitawanyika bila kuaga. Mume wangu alibaki na jani mkononi kama mtu aliyeachiwa mtoto wa wenyewe.

"Umepokea," nikamwambia.

"Niliambiwa nipokee."

"Na nani?"

"Si mzungu?"

"Isale ni ya mzungu?"

Akaingia ndani akalichomeka jani kwenye ukuta, juu ya mlango, na likakaa pale likikauka, kwa kuwa hakuna kati yetu aliyethubutu kulitupa.

Mimi nililitafuna jambo lile usiku na mchana. Nikipalilia nalitafuna, nikimenya ndizi nalitafuna. Kama shemeji angesema kwamba ule ulikuwa mchezo wa mzungu, basi hakuna alichokiri, na kesi yetu haina shahidi kama mwanzo. Kama angesema lilikuwa jambo la kweli, basi amekiri mbele ya kijiji kizima kwamba alihamisha masale, na kipande chetu kinarudi. Hiyo ndiyo niliyoitaka. Lakini shemeji nilimjua, au nilidhani namjua. Nilimwona mtu wa kutaka yote mawili: kwenye wizi aseme ni mchezo, kwenye msamaha aseme ni kweli, tumwamkie, tule naye, na mfereji abaki nao. Nani alimfundisha kuleta isale? Mzungu hakulijua hata jina lake. Kwa nini alichagua siku ambayo mdogo wake ameamriwa asikatae? Alijuaje? Au hakujua? Na kwa nini alikataa kurudia? Mtu anayecheza hurudia. Nikifika hapo nilikuwa napata nafuu kidogo, halafu nasema, la, mjanja ndivyo anavyofanya, anaondoka mapema kabla hajaulizwa.

Sote tulikuwa hivyo. Mke wa shemeji tukikutana kwenye njia ya kanisani alinitazama juu mpaka chini, nami nikamtazama, hakuna anayejua amwamkie mwenzake vipi. Mume wangu alianza kupita njia ya chini ili asikutane na kaka yake. Awali alikuwa hamwamkii kwa hasira. Sasa hakujua kama anadaiwa salamu au hadaiwi.

Siku ya kesi ilipokaribia akaniuliza, "Wakiniuliza niseme nini?"

"Sema kweli," nikamwambia. "Sema kweli tupu, wala usiongeze."

Nilikuwa na hakika kwamba kweli iko upande wetu. Mpaka leo sioni kosa la ushauri huo.

Mvua ilikuwa inanyesha, kwa hiyo tulikaa kwenye banda la kuanikia kahawa la mshili. Wazee walikalia vitanda vya kuanikia vilivyokuwa vitupu, sisi wanawake tukasimama mlangoni. Mshili hakutaka kusikia habari za mashimo wala udongo laini. Alienda moja kwa moja. Akamwita shemeji asimame katikati.

"Ulimletea mdogo wako isale mbele ya watu," akasema. "Nami nilikuwepo. Lakini ilikuwa mbele ya mashine ya mzungu, na mzungu alikuwa anawaagiza watu wajifanye. Nataka neno moja. Ulikuwa unajifanya?"

Nilimwambia jirani yangu, "Sikiliza sasa. Atasema mchezo."

Shemeji alikuwa mtu mrefu, lakini siku ile alionekana amepungua. Alivua kofia yake.

"Mzungu aliniambia nijifanye nina kosa na nimeshindwa kulisema," akasema. "Nikamuuliza, nikishindwa kulisema nifanye nini? Akasema nifanye kama ningefanya kweli." Akazungusha kofia mkononi. "Mimi si mtu wa michezo. Kosa sikuhitaji kulitafuta, nilikuwa nalo. Na kwa Kimeru, bila mtu kuniagiza, nisingeweza. Nimejaribu tangu mwaka jana, nikifika kwenye masale miguu inakataa. Siku ile mtu aliniambia nenda, nikaenda."

Mvua ikawa inapiga bati la banda. Mimi, niliyekuwa nimejiandaa kwa kila namna ya uongo, sikuwa na pa kuweka maneno yale. Nilianza kutafuta mtego ndani yake. Niliutafuta kwa bidii. Haukuwepo.

Mshili akamgeukia mume wangu.

"Na wewe. Isale uliipokea?"

Ilikuwa imebaki aseme ndiyo. Neno moja, tungekwenda nyumbani na kipande chetu na kaka yetu, vyote viwili. Wazee walikuwa wameshaanza kuitikia kwa vichwa, kama watu walioshiba. Lakini mume wangu ni mtu anayefikiri polepole na kusema anachokiona, na alikuwa ameambiwa na mkewe aseme kweli tupu.

"Niliipokea kwa kuwa niliambiwa," akasema. "Mzungu alisema chochote kitakacholetwa nikipokee. Nilipoiona nilitaka kuikataa. Kama nisingeambiwa, ningeikataa."

Mama mmoja mlangoni akafunika mdomo. Mzee mmoja akasema, "Kijana, fikiri tena." Mume wangu akasema amefikiri, ndivyo ilivyokuwa, na moyo wake siku ile haukusamehe, mkono tu ndio ulisogea. Nilitaka kupiga kelele. Nilitaka kumwambia ile ilikuwa siku ile, waambie na leo! Lakini mwanamke hakupewa nafasi ya kusema pale, na yeye hakuulizwa juu ya leo.

Shemeji alisikiliza mpaka mwisho. Akavaa kofia yake.

"Basi," akasema. "Sijasamehewa."

Mshili akaamua kama sheria inavyotaka: mtu aliyekiri arudishe masale mahali pake. Juu ya lile jingine, la msamaha, alisema hana uwezo, isale ikishatolewa haitolewi mara ya pili kwa kosa lile lile, na wenyewe watajua. Alisema hivyo bila kumtazama mtu.

Shemeji hakungoja kesho. Alasiri ile ile, mvua ikiwa imekatika, alikuja na jembe, akang'oa masale moja moja, akayarudisha kwenye mstari wa zamani. Alijua kila shimo lilipokuwa. Mume wangu alisimama upande wetu, mikono nyuma, akimwangalia akifanya kazi. Niliwatazama kutoka mlangoni nikingoja mmoja aseme kitu, hata kuhusu matope. Shemeji alipomaliza alifuta jembe kwenye majani, akaondoka.

Tulishinda, basi. Jioni ile niliteka maji kwenye mfereji kwa mara ya kwanza tangu turudi kutoka mjini. Nilijaza kibuyu nikasimama pale, miguu ndani ya maji, magimbi yangu pande zote, nikajiambia furahi sasa, ulichokitaka si hiki? Nikarudi nyumbani nikampikia mume wangu, akala nusu.

Yeye alibadilika baada ya siku ile. Nadhani aliposikia neno lile 'sijasamehewa' likitoka kwa kaka yake mkubwa mbele ya watu, ndipo alipoanza kusamehe, na hapo hapakuwa tena na mlango wa kupitia. Alirudia kumwamkia kaka yake njiani. Shemeji aliitikia marahaba, vizuri kabisa, kisha akamtazama kwa muda kama anayetaka kuona nini kinafuata. Mume wangu akasaidia kuzibua mfereji upande wa juu. Shemeji akauliza watu kama mshili ndiye aliyemtuma. Tukaua mbuzi wakati wa ubatizo wa mtoto wetu, tukampelekea kidari, fungu la kaka mkubwa. Kilipokelewa na mkewe, na jioni nikaona mbwa wao wanakigombania.

Ukafika msimu mwingine wa kahawa. Mke wa shemeji alikuwa amekwenda kwa binti yake aliyejifungua, na mimi nikawa nasikia mtu anakohoa ng'ambo ya masale, kikohozi kizito, tangu asubuhi. Moshi hautoki jikoni kwao. Nilisonga loshoro, mahindi na maziwa mgando, kama alivyokuwa anaipenda mama mkwe, nikafunika bakuli kwa jani la mgomba. Mume wangu alikuwa shambani, sikumwambia. Nikavuka masale nikabisha hodi.

Shemeji akafungua nusu mlango. Alikuwa amejifunika blanketi.

"Shikamoo, shemeji. Nimekuletea chakula."

"Marahaba." Akalitazama bakuli, wala hakunyoosha mkono. "Umeambiwa na nani ulete?"

"Sijaambiwa na mtu."

"Mume wako?"

"Yuko shambani, hajui."

"Mchungaji?"

"Shemeji, nimekuja mwenyewe. Nimesikia unakohoa."

Akatoa kichwa nje, akaangalia nyuma yangu kwenye migomba, kushoto, kisha kulia, taratibu, akitafuta aliyesimama pale. Sikuwa na mtu. Nilimnyooshea bakuli kwa mikono miwili.

"Mwambie aliyekutuma nimeshiba," akasema, akarudisha mlango.